Buti za Babake Cherono

Juzi mjini Molo nilimwona askari wa akiba amebeba bunduki, miguuni ndara, nikamkumbuka baba.

Enzi za mkoloni, wakati wa vita vya msituni, tuliishi kwenye shamba la mzungu kule Subukia. Babake rafiki yangu Cherono alikuwa mwanajeshi, na alasiri moja alikuwa amekuja likizo. Buti zake zilinukia rangi ya viatu. Cherono aliniacha niziguse kidogo, kisha akanisukuma.

"Zitachafuka!"

Baba yangu alikuwa homgadi, mlinzi wa kijiji tu: mkuki, kitambaa cha kumtambulisha kimefungwa mkononi, miguu mitupu. Nilirudi nyumbani na wivu.

"Baba, mbona wewe hupewi buti?"

"Babake Cherono anatumwa mbali. Mimi kazi yangu ni hapa hapa."

Nikadhani buti ni za wanaotembea sana. Sikujua kwamba mwanajeshi yule aliwasaka watu asiowafahamu, na baba aliwataja majirani zetu kwa majina ili wakamatwe.

Wote wawili wameshafariki. Babake Cherono alizikwa na umati wa watu. Wangu tulimzika sisi wa nyumbani tu, na kwa hilo bado namwonea Cherono wivu.