Pande la Nafasi ya Saba

Ukitaka kumsikia Hamed bin Nasr akitukana kwa Kiswahili cha Unguja, kile cha zamani hasa, wewe mwambie tu kwamba roketi ndiyo biashara ya kesho. Ataweka chini alichoshika, atakutazama juu ya miwani, kisha utayapata. Mimi nimeyapata mara mbili, na mara ya pili nilikuwa nimekwenda kutengenezesha bawaba ya geti langu tu, sina habari na roketi wala mwezi.

Hamed ni fundi wa kukereza vyuma, hapa hapa Ibra, kwenye Sanaiya, mtaa wa magereji. Alizaliwa Unguja, akaletwa Omani ana miaka minane, akafanya kazi miaka ishirini na mbili kwenye karakana ya kampuni ya mafuta, na walipompunguza akafungua karakana yake mwenyewe. Ana mke, Mahfudha, na binti mmoja wa mwisho aliyebaki nyumbani, Shurooq, anayesoma uhandisi chuoni. Na ana jambo moja la kujivunia, nalo ni kwamba hachelewi.

Nyinyi mafundi mnawajua. Fundi cherahani, fundi seremala, fundi magari, wote kauli yao moja: njoo kesho. Ukija kesho, njoo kesho. Baba yake Hamed, Mzee Nasr, Mungu amrehemu, alikuwa fundi cherahani mjini Unguja, na njoo kesho zake zilikuwa maarufu kuliko mishono yake. Bwana harusi mmoja alikwenda kuoa na joho la kuazima, linaburura chini, kwa sababu lake lilikuwa bado halijatiwa mikono. Watu waliicheka nyumba ile mpaka watoto wenzake wa chuo cha Kurani wakamtungia Hamed nyimbo. Hamed akala yamini, mdogo vile vile alivyo: akisema Jumanne, ni Jumanne. Tangu ameshika chuma mkononi, neno hilo la baba yake halijamtoka.

Sasa, hayo ya roketi yalianza kwa semina. Miaka mitatu nyuma, hotelini Nizwa, bwana mmoja wa suti alisimama mbele ya picha akasema zamani kurusha roketi kulikuwa kazi ya madola makubwa, sasa ni ya makampuni, na kila mwaka zinaruka nyingi kuliko mwaka uliopita. Akasema nje huko ziko roketi zinazopanda, zikashuka zenyewe, zikapandishwa tena, na bei ya kupeleka kilo moja juu imeporomoka. Akasema Omani ina jangwa tupu na bahari wazi mbele yake, kwa nini isiwe sisi? Na roketi moja ina vipande maelfu, lazima awepo mtu wa kuvikereza.

Hamed akajiona huyo mtu ndiye yeye. Akauza gari la pili, akatoa akiba yake yote ya kazi ya mafuta, akaleta mashine mpya ya kukata chuma, ya kompyuta. Akajaza fomu kurasa arobaini za kuomba kazi hizo. Akahudhuria semina nne zaidi, na kila moja alirudi na kalamu, mfuko wa kitambaa na tumbo limejaa sambusa. Kazi je? Kazi yake ya kwanza kutoka anga za juu ilikuwa geti la banda la walinzi, kwenye uwanja wa kurushia. Ya pili, kibao cha HATARI, USIPITE. Valvu, mabomba na vya maana vyote vilikuja kwa ndege kutoka nje, vimefungwa kwenye masanduku yake. Akiuliza, anaambiwa hana cheti fulani. Cheti chenyewe hupewi mpaka uwe umeshafanyia roketi kazi. Jamani, si kutafuta kumtia mtu wazimu huko?

Basi mwezi wa tatu akapigiwa simu. Aliyepiga ni Muatasim, kijana wa mji wa Jalan Bani Bu Hassan, mjukuu wa watu waliorudi kutoka bara, ndiye mnunuzi wa vifaa wa kampuni ya roketi, ofisi yake Sur.

"Shikamoo, Ammi. Nimekupatia kazi. Mara hii inakwenda juu kweli."

Kazi ilikuwa pande moja la alumini, kiasi cha mkate wa boflo, limekombwa ndani mpaka lifike kilo nne na gramu mia mbili na kumi. Isizidi, isipungue. Siku tisa. Hamed akasema, "Jumatano ijayo, saa nne asubuhi, liko mezani kwako." Alipokata simu, aliimba. Mwenye gereji wa jirani alitoka nje kutazama kuna nini.

Alikwenda na mchoro nyumbani, akautandaza kwenye busati karibu na sinia ya wali, akamwonesha kila mtu. Mahfudha akasema mashallah. Shurooq akauvuta, akasoma pembeni palipoandikwa nafasi ya saba, akaacha kula.

"Baba, hiyo ni nafasi yetu."

"Yenu nani?"

"Sisi. Setilaiti ya chuo. Kilo nne na mia mbili na kumi, mimi mwenyewe nimeipima."

Miaka miwili na nusu yule mtoto na wenzake watano walikuwa wakiiunda hiyo setilaiti. Ya kupiga picha za aflaji, ile mifereji ya maji ya zamani, na visima, ili watu wa vijiji vya Dima wa Tayyin wajue maji yanapungua wapi. Ilikuwa tayari, imejaribiwa, imetiwa kwenye sanduku lake. Kilichokosekana kilikuwa karatasi moja, kibali cha mawimbi ya redio, ambacho kilikuwa kwenye ofisi fulani. Ofisi siitaji, najipendea amani yangu. Kibali kisipofika kabla ya Jumatano, setilaiti inabaki, na nafasi yake inajazwa pande la chuma.

"Kwa hivyo," Hamed akasema, "wamenipa mimi kazi ya kutengeneza gogo la kukaa kwenye kiti cha mwanangu?"

Wali ukapoa.

Kesho yake aliendesha gari mpaka Sur, saa mbili za jua la uso, akaingia ofisini kwa Muatasim bila ya kugonga.

"Nambie, kijana. Mmenifanya mwehu?"

Muatasim alimwitia kahawa, akamweleza kwa adabu, na lazima niseme kwamba alieleza vizuri. Roketi ile si ya chuo wala si ya kampuni, ni ya mteja mkubwa aliyeikodi. Setilaiti yake kilo mia mbili, na yeye ndiye mwenye kauli ya siku ya kuruka. Hao wadogo kumi na mbili wamechomekwa pembeni tu, kila mmoja analipia kilo zake.

"Ni kama mtu kakodi lori kwenda Maskati, Ammi, na wewe ukamwomba akuchukulie gunia lako la tende. Lori halimngoji mwenye gunia."

"Basi liende bila ya gunia! Gogo la nini?"

"Uzito ukipungua upande mmoja, inakwenda kombo. Mizani yote imeshapigwa. Lazima kiti kikaliwe." Akashusha sauti. "Ammi, kila siku tukikaa, watu mia wanakula jangwani, gesi inapotea kwa mvuke, bahari imefungwa, ndege zinazungushwa njia. Na nje huko wapo wenye roketi mara ishirini ya yetu, wanauza kilo kwa nusu ya bei yetu. Sisi tuna neno moja tu la kumwambia mteja. Tunamwambia hatuchelewi."

Neno hilo lilimchoma Hamed, maana lilikuwa lake.

"Na pande lisipofika Jumatano?"

"Kwa nini lisifike, na wewe ndiye fundi?" Muatasim akacheka. "Lisipofika, tutaagiza nje. Wiki tatu na forodha. Na sisi wiki tatu tutakaa."

Ah! Pale ndipo alipotiwa fitina moyoni. Wiki tatu. Kibali kilikuwa kimebaki saini moja. Njia nzima ya kurudi hakuwasha redio.

Usiku ule alimwambia mkewe, na Shurooq akasikia kutoka jikoni, akaja akakaa mbele yake.

"Baba, chelewa tu. Wiki moja. Siku saba. Sema mashine imeharibika."

"Mie?"

"Nani atashangaa fundi akichelewa?"

Angemtukana ingekuwa afadhali. Hamed alisimama, akapiga kelele hata majirani wakajua leo kuna jambo: kwamba hakula sambusa za watu miaka mitatu ili aje aitwe mwana wa Nasr wa njoo kesho, kwamba hii ndiyo kazi ya kwanza ya kweli, kwamba ahadi ni deni. Mahfudha akangoja amalize.

"Hamed, ukichelewa mara moja katika umri wako, mbingu itaanguka?"

"Itaanguka juu yangu," akasema, akaenda kulala.

Na alilikereza. Alilikata, akalikomba, akalipeleka sokoni kwa mfua fedha mwenye mizani ya gramu, akarudi akaparuza kidogo, akalipeleka tena. Alikuwa akifanya kazi na hasira, na hasira haikumharibia kitu, maana mkono wake unajua. Jumatano saa nne kasoro robo pande lilikuwa mezani Sur. Kilo nne, mia mbili na kumi. Muatasim alimbusu kipaji.

"Wallahi, Ammi, wewe ni wa kwanza kuja kabla ya saa."

Asiyekuwepo na lake halipo. Alhamisi wakafunga kichwa cha roketi, wadogo kumi na moja na pande moja ndani yake. Jumapili kibali kikatoka.

Shurooq alilichukua sanduku lake na karatasi yake akaenda Sur peke yake. Akaambiwa kichwa kimeshafungwa. Kukifungua ni mpaka mteja mkubwa akubali, na kila kitu kikaguliwe upya, na kwa ajili ya nini, mkate wa boflo? Thubutu. Akarudi na sanduku kwenye kiti cha abiria, amelifunga mkanda.

Mpaka hapa ungesema ni bahati mbaya, dunia ndivyo ilivyo. Ngoja sasa.

Siku ya kuruka ilikuwa Jumanne. Ibra nzima tulikuwa kwenye simu. Ukaja ujumbe: upepo, imeahirishwa, kesho inshallah. Kesho yake, valvu. Tukangoja siku nne. Halafu jahazi la mtu likaingia kwenye bahari iliyofungwa. Halafu valvu ile ile tena, na safari hii kipuri hakipo, kinaagizwa nje, wiki tatu na forodha. Halafu sikukuu ikaingia. Kila ujumbe ulikwisha na neno lile lile, kesho, inshallah, na ngoja ngoja huumiza matumbo. Wale wasiochelewa! Wale ambao lori lao halimngoji mtu! Mahfudha alikuwa akisoma ujumbe, anamtazama mumewe, anaendelea kukata vitunguu.

Hamed aliumia, nawaambieni. Aliukasirikia upepo, akaikasirikia valvu, akamkasirikia yule bwana wa suti. Lakini aliyemkasirikia zaidi ni yeye mwenyewe, na huyo hakuna pa kumkimbia. Alikuwa akienda Sanaiya kabla ya alfajiri ili asikutane na binti yake penye chai.

Iliruka mwishowe, na ilifika. Majirani wakaja na halwa. "Mabruk, Hamed! Kazi ya mkono wako iko juu ya mbingu!" Kweli ilikuwa juu, pande lake la alumini, linaizunguka dunia kila saa moja na nusu, halipigi picha, halisemi na mtu, halina kazi yoyote. Alizipokea pongezi amesimama mlangoni. Shurooq aliwapitia wageni na buli la kahawa, akammiminia baba yake wa mwisho, na hapo ndipo alipomwambia, kwa sauti ya chini, bila ya ukali.

"Siku arobaini na moja, Baba. Mie nilikuomba saba."

Keshamaliza chuo sasa, kapata kazi Sur kwenye kiwanda cha gesi, na wenzake wametawanyika. Safari nyengine yenye nafasi ni mwakani, na betri itakuwa imekufa, na nani atakayeibadilisha? Setilaiti iko juu ya kabati la vyombo la Mahfudha, ndani ya sanduku lake.

Mimi nilikuwepo karakana siku Muatasim alipopiga tena. Nimekwenda kuchukua bawaba yangu, ambayo, niseme haki, ilikuwa tayari. Hamed aliiweka simu mezani tukawa tunasikia sote.

"Ammi, mambo yanakua, alhamdulillahi! Safari ya pili imejaa. Nataka pande jengine, nafasi ya nne."

"Ya nani hiyo?"

"Wanafunzi wa Nizwa. Karatasi zao bado, hwenda zikaja, hwenda zisije. Wewe nipe siku tu. Litakuwa tayari lini?"

Alumini ilikuwapo pale pale ukutani, imeshakatwa. Mashine ilikuwa haina kazi tangu juzi. Hamed alivua miwani, akaifuta kwa kanzu, akaivaa.

"Njoo kesho," akasema.

Muatasim akacheka, akidhani mzaha. Kesho yake akatuma dereva kutoka Sur, saa mbili za njia, na dereva akakuta Hamed amekaa nje ya karakana anakunywa chai.

"Njoo kesho," akaambiwa.