Amri Niliyoiacha Chini ya Sinia

Siku ya kwanza nilipoingia korti ya Matuga, mwanzoni mwa miaka ya hamsini, Karani Mkuu alinipa kofia nyekundu na mkoba wa ngozi, akaniambia, "Wewe sasa ni miguu ya korti. Hakimu hawezi kwenda kila mji."

Hiyo ndiyo iliyokuwa kazi ya tarishi. Tulipeleka samansi, yaani mwito wa kuja kortini, na tulipeleka amri za Hakimu. Amri haikuachwa kwa mke wala kwa jirani. Ulimpa mwenyewe mkononi, ukaisoma kwa sauti mbele ya mashahidi, kisha ukarudi kula kiapo kwamba imefika. Bila hayo, aliyeivunja hakuweza kuadhibiwa kwa kuidharau korti, kwa kuwa angesema hakuijua.

Mwaka wangu wa tatu akaletwa Hamisi. Nitasema wazi, uzee umeniondolea haya: nilimwonea kijicho tangu siku ile. Alinikuta kazini, lakini sauti yake ya kusomea ilikuwa kama ya khatibu, na baiskeli mpya ya korti ilipofika akapewa yeye. Mimi nilikwenda Tiwi kwa miguu.

Ndipo ikaja kesi ya Bi. Mwanajuma, mjane wa Tiwi. Chifu wa kule alikuwa amekizungushia ua kisima alichochimba marehemu mumewe, akasema ni mali ya serikali. Mama wa watu akawa anabeba maji kutoka mbali, na magonjwa yake ya miguu. Hakimu akaamuru ua ung'olewe. Karani Mkuu akamnyooshea Hamisi hati ile.

"Nipe mimi, bwana Karani," nikadakia. "Chifu ni mtu mzito. Anahitaji tarishi wa siku nyingi."

Ulikuwa uongo. Sikutaka Hamisi apate sifa.

Chifu alinipokea kwa bashasha. Nilipomwamkia, "Shikamoo, mzee," akaitika, "Marahaba, mwanangu. Karibu. Mgeni haulizwi neno kabla hajala." Ukaletwa wali wa nazi na samaki wa kupaka, nikala mpaka nikashiba. Kumbe nilijifunga mwenyewe. Kwetu, ukishakula kwa mtu, kumsomea amri mbele ya wakeze ni kumvunjia heshima. Nikaisukuma hati chini ya sinia, nikasema, "Kuna karatasi yako hapo, mzee," nikaaga. Kortini nikala kiapo kwamba nimeisoma.

Ua haukung'olewa. Bi. Mwanajuma akarudi kulalamika, na Chifu akaitwa aeleze kwa nini asiadhibiwe.

"Sikusomewa amri yoyote," alisema Chifu. "Kijana huyu alikuja, akala, akaenda zake."

Hakimu akanigeukia. "Uliisoma?"

Bi. Mwanajuma alikuwa ameketi mbele yangu, ananitazama kwa matumaini.

"Sikuisoma, bwana."

Bi. Mwanajuma akajifunika uso kwa leso yake. Chifu akatoka huru, mimi nikavuliwa kofia miezi sita, nikawa mfagiaji wa ua wa korti.

Amri ya pili, Hamisi ndiye aliyempelekea Chifu. Akachagua Alhamisi, akafunga saumu ya sunna. Alipokaribishwa chakula alijibu, "Ahsante, mzee wangu, nimefunga." Hakumtukana mtu. Kisha akasimama uani, akaisoma amri yote kwa sauti ile ya khatibu, mashahidi wakasikia. Akili ile mimi sikuwa nayo, na iliniuma kuliko ule ufagio.

Chifu akakaidi tena, lakini safari hii hakuwa na pa kujificha. Hakimu akamtia ndani, na askari wakaung'oa ua siku ileile.

Nilistaafu nikiwa Karani, cheo ambacho Hamisi hakukifikia. Lakini nilioa Tiwi, nikahamia huko, na huko hakuna anayejua cheo changu. Kisima kile wanakiita Kisima cha Hamisi mpaka leo. Bi. Mwanajuma ndiye aliyekipa jina hilo, akachota hapo mpaka alipofariki.

Hamisi naye ametangulia, Mungu amrehemu. Siku hizi mimi nami hufunga Alhamisi, nimejifunza. Jua likitua mke wangu huniletea maji ya kisima kile nifuturu. Ni matamu, sina la kuyatoa kasoro. Nayanywa yote, na kijicho kinanipanda palepale.