Nilimwacha Mwende Amepiga Magoti

Naomba jina langu msiliandike. Kosa nililifanya mimi, nikiwa na akili zangu timamu, na mbaya zaidi ni kwamba nililifurahia.

Nilikuwa kidato cha tatu katika shule moja ya bweni ya wasichana hapa Machakos, miaka ya tisini. Madam wa historia alitunga mchezo kuhusu bibi wa ukoo mkubwa wa Uingereza anayeishi kwenye kasri akimhudumia malkia. Anamvalisha, anamshikia karai akinawa uso, hata kuketi haketi mpaka aambiwe. Kisha anaolewa bila ruhusa, na malkia anamfukuza. Mwishoni anarudi, anapiga magoti mbele ya watu wote, na malkia anamwambia, "Inuka. Nimekusamehe."

Nilitaka kuwa huyo bibi. Nafasi akapewa Mwende, rafiki yangu wa kufa na kuzikana, aliyelala kitanda cha chini na mimi cha juu. Mimi nikapewa malkia. Mchezo wa saa nzima, na maneno yangu yalikuwa hayo mawili tu!

Nilimwonea wivu. Mwende alishonewa gauni la mapazia makuukuu ya maktaba, na lilivyomkaa sikuweza kutazama. Hata taji langu lilitoka kwao. Babake, mchongaji wa kule Wamunyu, alilichonga kwa mti na kulisugua kwa rangi ya viatu mpaka likang'aa.

Siku ya wazazi mzee huyo alikuja amevaa koti lake, akaketi mstari wa mbele. Mwende aliigiza mpaka ukumbi ukanyamaza. Kisha akaja akapiga magoti miguuni pangu.

Sikusema kitu.

Alidhani nimesahau. Akaninong'oneza, "Sema inuka." Nilimwangalia, nikageuza uso. Nilijua bila neno langu hatainuka, kwa sababu ndivyo madam alivyomfundisha. Wasichana wakaanza kucheka, halafu wazazi. Na mimi, Mungu wangu, nilisikia raha!

"Tafadhali," akasema, sasa akilia machozi ya kweli. Nikarekebisha taji kichwani.

Babake ndiye aliyepanda jukwaani akamshika mkono. "Amka, mwana wakwa, mwanangu. Huyu hana kitu ya kukusamehe." Hakuniangalia, na taji hakuliomba.

Madam aliponiuliza, nilisema nilisahau maneno. Akaniamini.

Mwende hakupata amani tena. Kila alipoingia bwenini, wasichana walimpigia magoti na kuchekelea, "Inuka! Inuka!" Ningewakataza wangenisikia, lakini nilicheka nao. Muhula uliofuata kitanda cha chini kilibaki bila godoro. Mtihani wa mwisho tuliufanya bila yeye, na alikuwa ametushinda sote darasani.

Miaka imepita. Nimeolewa, nina watoto, na lile taji nimelificha kabatini nisiulizwe ni la nini. Mwezi uliopita nilisikia Mwende anauza mitumba soko la Tala. Nikalitia taji kwenye mfuko, nikaenda.

Nilimpata akikunja blauzi. Nikapiga magoti pale pale kwenye turubai lake, watu wakipita. "Mwende, nisamehe."

Aliendelea kukunja. Nilimtolea taji. Akalitazama kidogo, akachukua blauzi nyingine.

"Baba alikufa," akasema. "Mpaka mwisho alikuwa akiniuliza, ulimkosea nini huyo msichana?"

Nilitaka kumweleza. Hakuningoja.

"Niko na wateja, dada. Kama hununui, toka kwa nguo."

Aliniita dada, vile anavyomwita mteja yeyote. Nikainuka mwenyewe, nikarudi nyumbani na taji langu.

Wewe unayesoma hii, kama kuna mtu unayeweza kumwinua kwa neno moja na umelifungia mdomoni, mwambie leo. Mimi maneno yangu mawili bado ninayo, na hakuna anayeyataka.