Masikio ya Mbuzi

Nianze na shukrani, maana aibu yenyewe inakuja. Namshukuru baba yake Wangari, mchumba wangu, mzee wa Othaya.

Mimi huandika hadithi za gemu za simu, zile ambazo mchezaji anakuwa shujaa na kuchagua la kufanya. Katika gemu yetu mpya, shujaa anachinjia kijiji mbuzi. Akimpa kila mtu kipande chake, wanamwamini, akikosea, wanamfukuza. Nani anakula nini? Mimi wa kuzaliwa Nyeri mjini, nyama naijua ya bucha, nilibuni tu. Masikio nikampa mzee, ili asikie shida za watu. Nikajipigia makofi.

Jumamosi iliyopita nilienda kujulishwa kwao Wangari. Mbuzi akachinjwa, na mzee akaniambia, "Kijana, tugawie, nione kama unajua watu."

Nikafuata gemu yangu. Nikampelekea masikio kwa mikono miwili, nimeinama kabisa.

Mzee akaangalia sahani, kisha akaniangalia mimi.

"Masikio ni ya wasichana wadogo, wasikie wakitumwa," akasema polepole. "Sasa mimi unanituma wapi?"

Akina mama walicheka mpaka wakashika mbavu. Mzee akanivutia kiti kando yake. "Kaa hapa nikufundishe. Ni nani alikudanganya?"

"Ni gemu fulani, Baba."

Wangari akapangusa machozi ya kicheko. "Baba, hiyo gemu ni yeye aliandika. Na inatoka wiki ijayo."

"Ati wiki ijayo?" Mzee akaweka sahani chini. "Toa simu uandike upya. Tuanze na kichwa."