Nyumba ya Povu Yapigwa Mnada

Kinyozi huyu tulimwita Povu kwa ukarimu wake wa sabuni. Alikupaka mpaka puani. Siku dalali aliposimama mlangoni na kipaza sauti, Povu alikuwa katikati ya kidevu cha muuza mbao, pale katika chumba cha mbele cha nyumba yake alichokifanya saluni. Alidhani wanatangaza dawa ya panya.

"Nyumba hii, pamoja na vyumba vya nyuma, inauzwa leo kwa niaba ya benki!"

Wembe ukabaki hewani. Ni kweli aliweka nyumba rehani akachukua mkopo wa kujengea vyumba vya kupangisha. Ni kweli pia wapangaji walihama na marejesho yakasuasua. Lakini mnada? Hakuletewa ilani yoyote. Juzi tu ofisa wa benki alimpigia simu, akasema, "Usijali mzee, tutaongea." Kumbe kuongea kwenyewe ndiko huku?

Watu wawili wasiojulikana wakaanza kutaja bei, tena bei ya kutupa, hata Povu akaona haya kwa niaba ya nyumba. Ghafla muuza mbao, nusu ya uso ikiwa nyeupe kwa sabuni, akainua mkono kutoka kitini na kutaja bei yake.

"Imeuzwa!"

Povu akamgeukia. "Ndugu yangu, umeniokolea au umeninyang'anya?"

"Hata mimi sijui," mwenzake akajibu, macho yamemtoka. "Nimeona inakwenda bure. Hebu nimalizie upande huu, tafadhali."

Akammalizia. Angefanya nini?

Jioni mkewe, mkunga, alirudi kutoka zamu akakuta ukuta umepigwa rangi nyekundu: IMEUZWA.

"Baba watoto, nani kachafua ukuta wangu?"

Hapo ndipo Povu alipolazimika kutapika yote, maana mke hakujua habari ya mkopo wala rehani.

"Sikutaka kukupa presha," alisema.

"Sasa umenipa nini?"

Asubuhi alimpeleka mumewe kwa wakili kama anavyompeleka mgonjwa kliniki.

"Mlipewa notisi?" wakili aliuliza.

"Hapana," alisema Povu.

"Nyumba ilithaminiwa kabla ya mnada?"

"Na nani?"

"Na wewe mama, ulitia saini kukubali rehani?"

"Rehani yenyewe nimeisikia jana."

Wakili akatabasamu. "Vizuri sana."

Povu aliduwaa. Vizuri kwa lipi? Wakili akawaeleza kwamba sheria hairuhusu benki kushika nyumba ya familia bila mke au mume kukubali. Wala benki haiwezi kuipiga mnada bila kumpa mdaiwa taarifa na muda wa kulipa, au kuiuza kwa bei ya chini mno kuliko thamani yake.

"Kwa hiyo kunificha ndiko kutakakotuokoa?" mke akauliza.

"Kisheria, ndiyo. Ya nyumbani mtajuana wenyewe."

Wakafungua kesi, ikaenda kwa mwendo wa konokono. Majirani nao hawakujua wamwite nani mwenye nyumba: wengine walimwamkia muuza mbao "baba mwenye nyumba", naye akakimbilia ng'ambo ya barabara kwa aibu. Mwishowe hakimu alibatilisha mnada na rehani, akaamuru muuza mbao arudishiwe fedha zake.

Nje ya mahakama Povu alimshika wakili mkono. "Nimeshinda?"

"Umeshinda."

"Deni limekwisha, basi?"

"Deni liko palepale. Kilichoanguka ni rehani na mnada."

Povu akakaa kwenye ngazi, hajui acheke au alie. Mkewe alimwinua kwa kiwiko, wakaenda benki kuomba marejesho madogo madogo. Ofisa alipomsogezea Povu makubaliano mapya, Povu aliyasukuma kwa mkewe bila kuyatazama.

"Nyumba imo humu?" mke aliuliza.

"Haimo, mama."

"Nionyeshe pale inaposema haimo."

Akasoma kila mstari, ofisa akifafanua huku anapangusa jasho. Povu alikaa kando, akiutazama uso wa mkewe, asijue kama amesamehewa au zamu yake ya kuhojiwa bado haijafika. Marejesho yanaendelea, na saluni iko wazi. Hilo la msamaha hajathubutu kuuliza mpaka leo.