Kila Ijumaa Naomba Timu ya Baba Yangu Ifungwe

Admin, nifiche tafadhali. Waswahili wa huku Maryland tunajuana wote.

Hili sijamwambia mtu, hata Mama. Kila Ijumaa jioni nikiwa uwanjani na sare ya bendi ya shule, klarineti mkononi, huwa naomba kimoyomoyo timu ya shule yetu ifungwe. Kocha wa timu hiyo ni baba yangu mzazi.

Nina miaka kumi na saba na ni mtoto wa pekee. Nina haya sana. Kiswahili nakiandika vizuri kuliko ninavyokisema, kwa sababu Mama alinisomesha kila Jumamosi, ila nikifungua mdomo Kiingereza kinatangulia.

Baba alizaliwa Mombasa, akaletwa huku akiwa mdogo, akakua mpana kama mlango. Akacheza mpira wa Kimarekani, ule wa helmeti na kugongana, mpaka ukawa ndio kazi yake. Utotoni nilimwona kwenye televisheni zaidi ya mezani. Nikilia, Mama alikuwa ananibembeleza, vumilia mwanangu, mpira ukiisha atakuwa wetu. Basi goti lake lilipovunjika na timu ikamwacha, nyumba ikawa kama ya msiba. Watu wanaingia kutoa pole, na mimi nimejifungia chumbani, nina furaha yangu. Nilijua zamu yangu imefika.

Haikufika. Shule ilimchukua awe kocha.

Mnajua kwetu pwani mwanamume akishapata mtoto huitwa kwa jina la mtoto. Yeye ni Baba Nasra (Nasra si jina langu la kweli). Kila Alhamisi, kesho yake ikiwa ni mechi, huwaleta wachezaji nyumbani wale pilau ya Mama. Vijana wakamsikia Mama anamwita Baba Nasra. Jina refu likawashinda, wakalikata. Wakachukua Baba, Nasra wakamtupa. Siku hizi uwanja mzima unaita Baba, Baba, hata wazazi wao, watu wazima na ndevu zao.

Anayeniumiza zaidi ni mmoja, nimwite Josué. Ni Mkongo, baba yake alifariki kabla hawajaja Marekani, na mama yake hufanya usafi uwanja wa ndege kule Dulles. Anacheza nafasi ileile aliyocheza Baba. Baba akimsemesha Kiswahili, naye anamjibu kwa Kiswahili, cha kwao kweli, lakini anajibu. Wanakaa kwenye kochi wanatazama video za mechi, wanarudisha nyuma, wanacheka. Pale alipokaa ndipo nilipokuwa nakaa mimi nikiwa mdogo, nimelalia mkono wa Baba.

Alhamisi moja nilimpakulia pilau kwa makusudi, nikamchagulia mfupa mtupu. Akautazama, akatabasamu. "Aksanti, yaya. Mifupa ndiyo napendaka." Akautafuna wote. Yaya kwao ni dada mkubwa. Hata kumchukia vizuri hanipi nafasi.

Sasa sikieni. Bendi yetu hupiga wakati wa mapumziko. Wakati huohuo kocha anakuwa ndani na wachezaji wake, anawapangia kipindi cha pili. Kwa hiyo Baba hakosi mechi hata moja, na mimi sikosi, na hajawahi kuniona nikipiga. Mama humrekodia kwa simu. Baba husema nitaangalia kesho, na kesho kuna video za timu.

Kesho ni mechi ya mwisho ya nyumbani. Kuna desturi hapa: kabla ya mechi, wanafunzi wa mwaka wa mwisho wanaitwa mmoja mmoja, kila mtu anaingia uwanjani ameshikana mkono na wazazi wake, watu wanapiga makofi. Baba anajua wachezaji wanaitwa. Hajui kwamba na sisi wa bendi tunaitwa, tena mistari yote miwili inaingia kwa pamoja. Sikumwambia. Nilitaka aulize mwenyewe.

Alhamisi iliyopita Josué aliweka kijiko chini mbele ya wote. Akasema mama yake amenyimwa ruhusa kazini. Halafu akamwambia, "Baba, utatembea na miye?"

Baba hakufikiri hata kidogo. "Nitatembea na wewe, mwanangu."

Mwanangu. Nilikuwa nimeshika sinia la kachumbari. Nikaliweka, nikapanda juu. Mama alinifuata, akaniambia wivu wa nini, yule hana baba. Nikamjibu "I'm fine". Nilichotaka kusema ni kwamba na mimi sina, tofauti ni kwamba wangu yupo sebuleni.

Leo ni Alhamisi tena. Wako chini wanakula, mimi nimesema naumwa kichwa. Ndugu zangu, nishaurini kabla ya kesho. Nikimwambia ukweli atamwacha Josué peke yake mbele ya watu, na Josué hajanikosea kitu. Nikinyamaza, nitaingia uwanjani na Mama tu, nikimtazama baba yangu mstari wa pili amemshika mtoto mwingine mkono. Na nahisi nikinyamaza kesho, nitanyamaza maisha.

Kuna mtu anapanda ngazi. Hatua moja nzito, moja nyepesi, ni lile goti. Chini wanamwita, Baba, pilau inapoa, na hajawajibu.

Kila akija huwa nazima simu, najifanya nimelala. Leo siizimi. Admin, natuma hivyohivyo bila kusahihisha, halafu naiacha juu ya kitanda ikiwa wazi, asome mwenyewe.

Amegonga. Anauliza, "Baba Nasra anaruhusiwa kuingia?"

Nitamjibu kwa Kiswahili.