Siku Yusuf Alipoomba Pasi

Nikikumbuka siku ile najifunika uso kwa shuka hata nikiwa peke yangu chumbani, lakini afadhali mnisikie mimi mwenyewe, maana huko mtaani kwetu Bulla Iftin habari yenyewe imeshatiwa chumvi nyingi.

Rafiki yangu Yusuf ndiye aliyekuwa mkali wa gemu ya mpira mtaani kwetu, mpaka alipoanguka na pikipiki barabara ya Dadaab, mkono wa kulia ukabaki hauna nguvu, akaacha hata kupita karibu na chumba cha gemu. Mimi nimemaliza chuo, kazi sina, kutwa nawaza tu (mtu akinisalimia nawaza kwa nini amenisalimia), nikaamua kumrudisha uwanjani: mkono wa kushoto umkimbize mchezaji, sauti ifanye kazi ya mkono wa kulia.

Ili gemu isikie sauti, lazima uidunge msimbo wako huku inaendelea, kama kumdunga mtu sindano akiwa anakimbia. Ukikosea pa kudunga, yote inaanguka. Ukidunga ukiwa mtandaoni, wenye gemu wanakuona mwizi, wanakufungia. Nikazima mtandao, nikadunga, nikasema "pasi", na yule mchezaji, aliyetengenezwa na watu wasiojua kama Garissa ipo, akanitii! Nywele zilinisimama. Nikasema tena na tena, kwa sauti ndogo, kama mtu aliye mahali patakatifu. Kisha nikaongeza neno la kuzimia gemu, fupi na rahisi: "basi". Uamuzi huo mdogo ndio ulioniponza.

Jumamosi Yusuf akarudi, chumba cha gemu kikajaa, hata mama yake Yusuf akaja. Yusuf akaukimbiza mpira hadi karibu na goli, akapaza sauti: "Basi!"

Skrini ikawa nyeusi.

"Warya Bita, imekufa?" akaniuliza mwenye chumba.

Nikawasha upya, nikadunga upya, jasho linanitoka. "Basi!" Giza tena. Watu wakacheka, kisha wakaanza kumsaidia kwa pamoja, "Basi! Basi!", na hapo ndipo nikaelewa kwamba Kisomali hakina "p", "pasi" kwao hutoka "basi" (mimi, niliyebatizwa Peter, na mtaa mzima unaniita Bita tangu shule ya msingi!). Badala ya kubadilisha neno, nikasimama mbele ya mwenzangu kama mwalimu wa chekechea.

"Yusuf, funga midomo, halafu pasua. Pa-si."

"Ba-si."

"Pa!"

"Ba!"

Mama yake akainuka. "Bita, mtoto yangu mkono ndio iligonjeka. Mdomo ni mzima. Wewe unatengeneza nini?"

Hakuna aliyecheka. Yusuf alikuwa ameshaweka kidhibiti chini, anatafuta viatu vyake mlangoni.

"Ngoja, tafadhali," nikasema, nikafuta lile neno la kuzimia, na palipoandikwa "pasi" nikaandika "basi". Herufi moja tu. Nikawasha gemu, nikadunga.

"Basi," akasema Yusuf bila hata kuketi, kiatu kimoja mguuni.

Mpira ukaondoka. Ukavuka uwanja mzima, ukatua kifuani kwa mchezaji mwenzake, na mama yake Yusuf akanong'ona, "Subhanallah." Yusuf akavua kile kiatu.

Mechi yenyewe alifungwa vibaya, akasema walahi ni makosa yangu. Nami nimeapa: sitamchagulia mtu tena neno la kusema kabla sijaketi naye nikamsikiliza akilisema.